Katalogi ya Colonial Film: Tathmini ya Mhariri wa Filamu wa Dar es Salaam

Anayetengeneza filamu ya makala kuhusu historia ya nchi hii hukutana mapema na kikwazo kimoja kikubwa: Tanzania Bara haikuwa na televisheni hadi mwaka 1994. Zanzibar ilikuwa imetangulia tangu miaka ya 1970, lakini upande wa Bara picha zinazotembea za miongo yote ya utawala wa Mwingereza, za sherehe za Uhuru wa 1961 na za miaka mingi iliyofuata zilipigwa kwa mikanda ya filamu na watu wachache sana: watumishi wa serikali, wamisionari, wapigapicha wa mashirika ya habari ya nje, na walowezi waliokuwa na kamera zao za nyumbani. Sehemu kubwa ya zile za enzi ya ukoloni imehifadhiwa Uingereza. Kwa hiyo mtengeneza filamu aliyepo Sinza au Mikocheni, anayetaka kumwonyesha mtazamaji mji wake ulivyokuwa mwaka 1938, hana budi kuutafuta mji huo London na Bristol.

Huduma ninayoitathmini hapa ndiyo mlango mzuri zaidi ninaoujua wa kuingilia katika utafutaji huo. Jina lake ni Colonial Film: Moving Images of the British Empire, na inapatikana katika anwani ya colonialfilm.org.uk. Ilifunguliwa mwaka 2010, ikiwa kazi ya pamoja ya vyuo viwili vya London, Birkbeck na University College London, pamoja na British Film Institute, Imperial War Museum, na jumba la makumbusho la British Empire and Commonwealth lililokuwa Bristol. Ndani yake kuna kumbukumbu za filamu zaidi ya 6,000 zinazohusu makoloni ya Uingereza. Zaidi ya 150 kati ya hizo zinaweza kutazamwa papo hapo, na takriban 350 zimeandikiwa maelezo marefu ya kitaalamu. Hutozwi chochote kwa kusoma wala kutazama.

Nianze na hukumu yangu. Huduma ya picha za maktaba naipima kwanza kwa uaminifu wake katika kumweleza mtumiaji ni nani aliyeshika kamera, nani aliyelipia, na filamu ilikusudiwa kutazamwa na nani. Wingi wa picha na urahisi wa kuzipata huja baada ya hapo. Kwa kipimo hicho katalogi hii inazizidi kwa mbali huduma nyingi za kulipia. Muuzaji wa kawaida wa picha za kale hukupa sekunde kumi za wanawake wanaotwanga, chini yake pameandikwa maneno matatu na mwaka wa kukadiria, kisha anakutajia bei. Katalogi hii haikuuzii hata sekunde moja, ila inakueleza kwamba filamu fulani ilitengenezwa na idara fulani ya serikali katika mwaka ambao serikali hiyo ilikuwa ikitaka wakulima wakubali jambo fulani. Mhariri akishalijua hilo, hawezi tena kuitandaza picha ile chini ya sauti ya msimulizi kana kwamba ni dirisha lililofunguliwa kutazama zamani.

Mfano ulio karibu nasi zaidi ni ule wa Vugiri. Kati ya mwaka 1935 na 1937, katika milima ya Usambara juu ya Korogwe, palikuwa na mradi ulioitwa Bantu Educational Kinema Experiment, ulioanzishwa chini ya Baraza la Kimataifa la Wamisionari na kugharamiwa kwa sehemu kubwa na Carnegie Corporation ya Marekani. Wasimamizi wake, Meja L. A. Notcutt na G. C. Latham, walitaka kujaribu kama sinema inaweza kutumika kuwafundisha Waafrika kilimo, afya na uchumi. Walitengeneza filamu 35 za utepe wenye upana wa milimita 16, ambazo sauti yake ilirekodiwa kwenye sahani za santuri kando ya filamu ili lugha ya maelezo iweze kubadilishwa kadiri gari la sinema lilivyohama kutoka eneo moja kwenda jingine. Gari hilo lilizunguka Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Katika filamu zote hizo 35, zinazojulikana kusalia ni tatu tu: moja ya mafunzo ya Waafrika katika tiba ya mifugo, moja ya ugonjwa wa safura, na moja ya mashamba ya wakulima wadogo Kingolwira, karibu na Morogoro.

Tatu kati ya thelathini na tano! Mtu anayefanya kazi hii anapaswa kuitafakari hesabu hiyo kabla ya kusema lolote kuhusu picha za miaka ile. Tunachokiona leo hakikuteuliwa na mtu kwa sababu kilikuwa bora au cha kweli zaidi. Kimebaki baada ya unyevu, uzembe, kuhamahama kwa ofisi na bahati kufanya kazi yao. Aidha, sauti ikiwa kwenye sahani na picha kwenye utepe, vitu hivyo viwili huweza kutengana, na vikitengana picha hubaki bubu. Mwongozaji wa leo hushawishika kuijaza nafasi hiyo kwa ngoma na milio ya ndege kutoka kwenye hazina ya sauti za kompyuta. Nawasihi wenzangu wasifanye hivyo. Kama picha haina sauti, iachwe kimya, au iwekewe sauti ya mtu wa leo anayeizungumzia, ili mtazamaji ajue wazi kwamba sauti ni ya leo na picha ni ya jana.

Maelezo ya katalogi kuhusu mradi wa Vugiri yanaonyesha thamani ya kazi ya wataalamu walioyaandika. Hawakuishia kueleza kilichomo katika filamu. Wanaeleza dhana iliyokuwa nyuma yake, yaani imani ya Wazungu wa wakati ule kwamba Mwafrika haelewi picha za haraka na kwa hiyo atengenezewe filamu za polepole, zisizo na mbinu za uhariri. Kwangu mimi, ambaye kazi yangu ni kukata na kuunganisha, ujuzi huo umebadilisha namna ninavyozitazama filamu hizo. Nikiona picha ndefu isiyokatwa, mkulima akitembea kutoka upande mmoja hadi mwingine bila kamera kumsogelea, siihesabu tena kuwa utulivu wa zamani. Naona uamuzi wa mtu kuhusu akili za mtu mwingine. Ndiyo maana filamu hizo, ambazo zilishindwa kuwa masomo mazuri ya kilimo, zimekuwa ushahidi mzito wa jambo ambalo waliozitengeneza hawakukusudia kulionyesha.

Picha za maktaba hubadilika maana namna hiyo kadiri miaka inavyokwenda. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 kijana mmoja aliyekuwa mtumishi wa ustawi wa jamii, Rashidi Kawawa, aliigiza katika Muhogo Mchungu, filamu iliyowalenga watazamaji Waafrika wa Tanganyika. Mwaka 1962 kijana huyo akawa Waziri Mkuu. Hakuna fremu, yaani picha moja ya utepe, hata moja iliyoongezwa wala kupunguzwa katika utepe ule, lakini anayeutazama leo anamtazama mtu mwingine kabisa. Kwa sababu hiyo orodha ya majina ya waigizaji na watendaji, ambayo wengi huiruka, ndiyo sehemu ya kwanza ninayoisoma katika kumbukumbu yoyote ya filamu, na huduma isiyoitoa orodha hiyo naihesabu kuwa na upungufu mkubwa.

Upande wa majina, hata hivyo, ndipo katalogi hii inaponisikitisha. Mihtasari mingi humtaja gavana kwa jina, cheo na mavazi, huku Mwafrika aliyesimama mbele ya kamera akitajwa kwa kazi yake tu: askari, mkulima, mpagazi, mwanafunzi. Chanzo cha dosari hiyo ni filamu zenyewe na makaratasi yaliyoambatana nazo, na siwezi kuwalaumu waandishi wa katalogi kwa kutobuni majina ambayo hawakuyakuta. Lakini hadi leo wapo wazee Morogoro, Tanga, Bagamoyo na hapa Dar es Salaam wanaoweza kumtambua mjomba au shangazi katika picha hizo, na ningependa sana huduma ya aina hii iwe na mahali rasmi pa kupokea ushahidi wao, ukapimwa na kuandikwa pembeni ya kumbukumbu. Wazee hao wanazidi kutuondoka.

Umuhimu wa macho ya wenyeji niliushuhudia katika chumba chetu cha uhariri. Muuzaji mmoja wa picha wa nje, ambaye hahusiani na katalogi hii, alituletea kipande kifupi kilichoandikwa kuwa ni bandari ya Dar es Salaam miaka ya 1950. Msaidizi wangu alikuwa ameshakipanga kwenye mstari wa picha. Mzee mmoja aliyestaafu kazi ya bandari, ambaye alikuja kwa ajili ya mahojiano, alikitazama kwenye skrini, akaomba kirudishwe nyuma.

"Mwanangu, hebu simamisha hapo hapo. Sasa nionyeshe kanisa liko wapi."

Tukasogeza fremu moja moja. Meli inayoingia bandarini kwetu huona minara miwili mbele yake, ule wa Kanisa la Mtakatifu Yosefu na ule wa Kanisa la Kilutheri la Azania Front, yote miwili ikiwa imejengwa na Wajerumani na kukamilika mapema sana katika karne ya 20 au kabla yake kidogo. Katika kipande kile hapakuwa na mnara hata mmoja, na ufuko ulikuwa umepinda kinyume. "Hii si Dar," akasema mzee, na kipande kikaondolewa siku ile ile.

Tangu hapo tunavikagua vipande vyote kwa alama za mji kabla ya kuviamini. Sanamu ya Askari iliyo katika Mtaa wa Samora ilizinduliwa mwaka 1927, hivyo picha ya makutano yale yenye sanamu hiyo haiwezi kuwa ya kabla ya mwaka huo. Mahali pale pale Wajerumani walikuwa wamesimamisha sanamu ya Wissmann, aliyekuwa gavana wao, iliyoondolewa baada ya Waingereza kuuteka mji mwaka 1916. Bendera nayo husaidia hata katika picha isiyo na rangi: mistari ya bendera ya Tanganyika huru ililala mlalo, ilhali ile ya Jamhuri ya Muungano imekatwa kwa mstari wa kwenda kona kwa kona. Kwa hiyo picha ya bendera yenye mistari ya mlalo iliyopigwa baada ya usiku wa Uhuru inaangukia kati ya Desemba 1961 na mwaka 1964. Katalogi hii inaurahisisha ukaguzi wa aina hiyo, kwa kuwa muhtasari wake mara nyingi hueleza picha moja baada ya nyingine, na mtu anaweza kujua kilichomo hata kabla ya kuiona filamu.

Kuna jambo jingine ambalo wahariri watalifurahia, nalo ni maelezo ya kiufundi. Kumbukumbu nyingi hutaja upana wa utepe, kama ni milimita 16 au 35, kama una sauti au hauna, na urefu wake kwa futi. Futi moja ya utepe wa milimita 16 ina fremu 40. Futi 100 zina fremu 4,000, ambazo kwa mwendo wa fremu 24 kwa sekunde ni kama dakika mbili na sekunde 47, na kwa mwendo wa fremu 16 uliozoeleka katika filamu zisizo na sauti ni dakika nne na sekunde 10. Tofauti hiyo si ndogo. Filamu ya kimya ikichezwa kwa kasi ya televisheni yetu, yaani fremu 25, watu hutembea kama wanaokimbizwa, na mtazamaji wa leo huwacheka. Babu zetu hawakutembea hivyo. Mhariri anayejua urefu wa utepe na mwendo wake anaweza kuwarudishia mwendo wao wa kawaida, na hiyo naiona kuwa ni heshima ya chini kabisa tunayowiwa kuwapa watu ambao hawakuulizwa kama wanataka kupigwa picha. Vivyo hivyo kuhusu umbo la fremu: picha zile ni za mraba kuliko skrini zetu pana, na kuzipanua hadi zijaze skrini ni kukata vichwa na miguu ya watu.

Nirudi kwenye mapungufu. La kwanza na kubwa ni kwamba filamu zinazoweza kutazamwa ni chache mno zikilinganishwa na zilizoorodheshwa. Utasoma muhtasari wa kusisimua wa filamu ya mwaka 1948 kuhusu mradi wa karanga, ule ulioanza 1947 na kuachwa 1951 baada ya kumeza mamilioni ya pauni huku Kongwa ikibaki na matrekta mabovu, kisha usikute pa kubonyeza ili kuitazama. Pili, maelezo yote ni kwa Kiingereza, na ni Kiingereza cha chuo kikuu. Mwongozaji kijana wa Temeke mwenye kipaji na asiye na lugha hiyo atahitaji mtu wa kumsaidia. Tatu, upeo wake ni himaya ya Mwingereza. Picha za Wajerumani za kabla ya Vita Kuu ya Kwanza zitafutwe Ujerumani. Katika utafutaji nashauri kutumia jina la Tanganyika na la Tanzania pia, Zanzibar kivyake, na kujaribu tahajia za kikoloni za majina ya miji na makabila.

Waliokwenda vitani nao wasisahauliwe, kwa sababu sehemu ya Imperial War Museum katika katalogi ni tajiri kuliko wengi wanavyodhani. Wapigapicha wa jeshi la Uingereza walifuatana na askari wa King's African Rifles, jeshi la kikoloni la Afrika Mashariki, wa Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki kule Burma mwaka 1944, na kwa kawaida waliandika karatasi za maelezo kwa kila utepe. Familia nyingi za nchi hii zina babu aliyerudi kutoka Burma na hadithi ambazo wajukuu walizidhania kuwa chumvi.

Kuhusu gharama, mtu asichanganye kupata taarifa na kupata picha. Ukishaipata filamu unayoitaka katika katalogi, unaiandikia taasisi inayoimiliki, na hapo hujitokeza malipo ya aina mbili: ya kunakili utepe kwa ubora unaofaa, na ya leseni ya matumizi, ambayo kwa desturi ya biashara hii huhesabiwa kwa sekunde, kwa muda wa miaka, na kwa maeneo na njia ambazo filamu itaonyeshwa. Leseni ya matamasha peke yake ni nafuu kuliko ya televisheni na mtandao. Barua iandikwe mapema, wakati muswada bado unaandikwa, kwa sababu mazungumzo haya huchukua muda mrefu na bajeti ya filamu zetu haivumilii mshtuko wa dakika za mwisho.

Kwa wanaoshughulika na kipindi cha baada ya Uhuru, katalogi hii itawaishia njiani. British Pathé, kampuni ya zamani ya filamu za habari, iliweka YouTube filamu 85,000 mwaka 2014, na mwaka uliofuata shirika la habari la AP likafanya vivyo hivyo kwa hazina yake na ile ya British Movietone. Huko ndiko mahali pa kuanzia, ingawa kutazama bure si ruhusa ya kutumia. Zipo pia kazi za mpigapicha Mohamed Amin, aliyeanzisha kampuni yake ya Camerapix hapa hapa Dar es Salaam mwaka 1963 kabla ya jina lake kujulikana duniani kwa picha za njaa ya Ethiopia ya 1984. Na yeyote anayezitumia picha za enzi ya ukoloni apitie pia majalada ya serikali ya Tanganyika katika Kumbukumbu za Taifa, Mtaa wa Vijibweni, Upanga, kwa kuwa mara nyingi sababu ya filamu kutengenezwa haimo ndani ya filamu bali ndani ya barua.

Tatizo linaloniuma katika filamu zetu za makala ni kutumia picha za maktaba kama kiraka: msimulizi anazungumzia kodi ya kichwa, anawekewa treni, anazungumzia Maji Maji, anawekewa treni ile ile, iliyopigwa miongo kadhaa baada ya vita hivyo. Katalogi ya Colonial Film haiwezi kumzuia mtu kufanya hivyo, lakini inamwondolea kisingizio cha kutojua. Kwa makala yoyote inayogusa Tanganyika kati ya vita vya kwanza na mwaka 1961, naipendekeza iwe kituo cha kwanza, kabla ya kumlipa muuzaji yeyote. Naomba tu waongozaji wanaonakili mwaka na kichwa cha filamu wanakili pia jina la aliyeitengeneza na aliyeigharamia, na waliandike kwenye skrini pale pale picha inapotokea, pamoja na mahali na mwaka, badala ya neno "Maktaba" peke yake.